Juliana hakuwa mchawi



Ukitamka neno "protini" katika mji wowote wa nchi hii, mtu atafikiria chakula. Atakutajia maharage, dagaa na mayai, na kama ni mtu wa kwetu Kagera atakutajia senene kabla hujamaliza kuuliza. Hakosei hata kidogo. Lakini wiki hii nataka tuizungumzie protini kwa namna nyingine: protini kama mfanyakazi aliyemo ndani ya mwili wa kila mmoja wetu, na protini kama silaha ya kirusi kilichoutikisa mkoa wa Kagera kuliko kitu kingine chochote katika uhai wangu. Nataka kuizungumzia kama historia. Na aliyenifanya nifungue kitabu hiki ni mpwa wangu.

Nilikwenda nyumbani Kimwani, kule kusini mwa Muleba, ambako vilima vya migomba vinashuka kuelekea upande wa Biharamulo. Mpwa wangu, kijana wa miaka thelathini na ushei, fundi wa pikipiki, alinivuta pembeni nyuma ya nyumba.

"Mjomba," akasema, "nina miaka sita nameza dawa. Mara ya mwisho nilipopimwa niliambiwa virusi havionekani. Basi nimeacha. Sasa ni mwezi wa pili na sijambo kabisa. Kama havionekani, si maana yake vimekwisha? Niendelee kumeza dawa ya nini?"

Sikumjibu papo hapo, kwa sababu jibu lake ni refu na linaanza kabla yeye hajazaliwa. Historia hii nilimsimulia yeye kwanza, usiku ule. Leo, kwa ruhusa yake na bila kulitaja jina lake, nawasimulia na nyinyi.

Ndugu wasikilizaji, wakubwa mtakumbuka hali ilivyokuwa kwetu baada ya vita. Mwezi Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin yalivuka mpaka na daraja la Kyaka likavunjwa. Mwezi Aprili 1979 Kampala ikaanguka. Baada ya hapo maduka yalikuwa matupu, na aliyetaka sabuni, chumvi au kitambaa alikitafuta kwa magendo. Kahawa ilivuka kwenda, bidhaa zikavuka kuja. Mojawapo ya bidhaa hizo kilikuwa kitambaa cha fasheni kilichoitwa Juliana. Aliyekivaa alionekana mtu wa maana.

Miaka michache baadaye vijana wale wale waliokuwa na fedha za kununulia Juliana walianza kukonda. Walihara wiki hadi wiki, walitoka vipele, walikohoa, na mwisho walikufa. Watu wakaunganisha mawili hayo na ugonjwa ukaitwa Juliana. Wenzetu wa Uganda, upande wa Rakai, walikuwa wakiuita Slim, yaani kukonda.

Mwaka 1983 wagonjwa watatu wa kwanza wa UKIMWI nchini Tanzania waliripotiwa, na wote watatu walikuwa wa mkoa wa Kagera. Mwaka huo huo, mwezi Mei, wanasayansi wa Taasisi ya Pasteur mjini Paris, akiwemo mama Françoise Barré-Sinoussi na Luc Montagnier, walitangaza kwamba wamekipata kirusi kipya kwa mgonjwa wao. Fikirini jambo hilo. Kule Paris kirusi kilikuwa kimekwisha kuonekana kwa hadubini. Kwetu Kimwani tulikuwa bado tunamtafuta mchawi.

Katika nyumba yetu mchawi alipatikana haraka. Mjomba wangu alikuwa mfanyabiashara wa kuvuka Mutukula. Alifariki mwaka 1986. Mkaza mjomba hakuumwa. Alibaki na afya yake, akilima, akichota maji, akipika msibani. Na hilo ndilo lililomponza. Watu walisema: mume amekauka kama kuni, mke ananawiri, ataeleza nini? Kwamba alimuuguza mumewe miezi minane, akimfua na kumlisha kwa mkono, halikuhesabiwa. Alifungashwa virago na kurudishwa kwao Biharamulo, na watoto wakabaki kwa bibi. Mimi nilikuwa na miaka kumi na minne. Ndiye niliyebeba mzigo wake hadi barabarani. Nitarudi kwenye jambo hili mwishoni.

Hebu sasa tujiulize: ni nini hasa kilichokuwa kikitendeka ndani ya mwili wa mjomba?

Mwili wa binadamu umejengwa kwa chembe hai ndogo sana ziitwazo seli. Ndani ya kila seli kuna shughuli nyingi kuliko soko la Bukoba siku ya Jumamosi, na wafanyakazi wa soko hilo ndio protini. Ipo protini inayobeba hewa safi katika damu, ipo inayokaza misuli, ipo inayomeng'enya chakula, ipo inayolinda mlango. Kila protini ni mkufu mrefu wa shanga ziitwazo asidi amino. Aina za shanga hizo ni ishirini tu, lakini mpangilio wake ndio unaoleta tofauti. Mkufu ukishatungwa, hujikunja wenyewe na kupata umbo, na umbo hilo ndilo kazi yake. Jembe hulima kwa sababu lina umbo la jembe. Protini nayo ni hivyo hivyo. Ikipoteza umbo, imepoteza kazi.

Mpango wa kutunga mikufu hiyo umeandikwa katika urithi wetu, ile DNA tuliyopewa na baba na mama. Binadamu ana jeni zipatazo 20,000 zenye maagizo ya kutengeneza protini. Kirusi cha UKIMWI kina jeni tisa tu. Tisa! Hakina jiko, hakina shamba, hakiwezi kuzaana peke yake. Ili kiishi ni lazima kiingie katika seli ya mtu na kuitumikisha. Kwa hiyo historia ya UKIMWI ni historia ya protini chache za mgeni zilizojua kuzilaghai protini nyingi za mwenyeji.

Tuanze na mlango. Mwezi Desemba 1984, makundi mawili ya watafiti, moja la Uingereza na moja la Ufaransa, yalichapisha jibu la swali moja: kwa nini kirusi hiki kinashambulia seli fulani za damu na kuziacha nyingine? Jibu lilikuwa ni protini iitwayo CD4, iliyosimama juu ya ngozi ya seli zinazoongoza ulinzi wa mwili. Hizi seli za CD4 ni kama makamanda: haziui adui kwa mkono wao, bali hutoa amri kwa askari wengine. Juu ya ganda la kirusi ipo protini iitwayo gp120, nayo umbo lake linaingia kwenye CD4 kama ufunguo unavyoingia kwenye kufuli. Mwaka 1996 iligunduliwa kwamba ufunguo huo hauzungushi kufuli moja, bali mawili. La pili ni protini nyingine, CCR5. Wako watu wachache, hasa wa Ulaya ya kaskazini, waliozaliwa bila kufuli hilo la pili, na kirusi hupata taabu kubwa kuwaingia.

Sasa mnaona kwa nini mjomba alikufa kwa kifua na kuhara, magonjwa ambayo mtu mwingine huyapata na kupona. Adui alikuwa ameua makamanda. Askari walikuwepo lakini hakuna aliyewapa amri. Mtu mzima mwenye afya huwa na seli za CD4 kati ya 500 na zaidi ya 1,000 katika tone dogo sana la damu, la ujazo wa milimita moja. Kwa mgonjwa asiyetibiwa hupungua polepole, na zikishuka chini ya 200 kila ugonjwa unaopita njiani huingia. Safari hiyo ya kushuka huchukua miaka, mara nyingi minane hadi kumi. Ndiyo maana hakuna aliyeweza kuunganisha chanzo na matokeo. Jambo lililotendeka leo likizaa msiba baada ya miaka minane, mwanadamu atatafuta sababu iliyo karibu. Atalaumu kitambaa, au atamlaumu mke.

Ndugu wasikilizaji, kirusi kikishaingia kinakabiliwa na tatizo. Maagizo yake yameandikwa kwa RNA, na ya seli yetu yameandikwa kwa DNA. Ni kama barua ya Kireno kwa karani anayejua Kiswahili pekee. Kwa miaka mingi wanasayansi waliamini kwamba maandishi husafiri upande mmoja tu: kutoka DNA kwenda RNA, na kutoka RNA kwenda protini. Mmarekani mmoja, Howard Temin, alikuwa na shaka. Alikuwa akichunguza kirusi kinacholeta saratani kwa kuku, kile kilichogunduliwa na Peyton Rous mwaka 1911. Alisema kirusi kile kinaandika kinyumenyume. Wenzake wengi hawakumwamini. Mwaka 1970 yeye kwa upande wake, na David Baltimore kwa upande wake, walikipata kimeng'enya kinachofanya kazi hiyo. Vimeng'enya, kwa wasiofahamu, ni protini zinazofanya kazi ya ufundi ndani ya seli. Mwaka 1975 walipewa Tuzo ya Nobel, pamoja na Renato Dulbecco.

Nayaeleza hayo kwa sababu moja. Mwaka 1970 mtu angeweza kuuliza: fedha zote hizi za nini, kuchunguza uvimbe wa kuku? Lakini watafiti wa Paris walipokipata kirusi mwaka 1983, walikitambua kwa kimeng'enya hicho hicho cha Temin na Baltimore. Na dawa ya kwanza ilikilenga hicho hicho. Elimu iliyoonekana haina kazi ndiyo iliyokuja kuokoa watu.

Dawa hiyo ya kwanza ni AZT. Ilikuwa imetengenezwa Marekani mwaka 1964 na Jerome Horwitz, aliyekuwa akitafuta dawa ya saratani, na haikufaa. Ikawekwa kabatini. Mwezi Machi 1987 ikaidhinishwa kwa UKIMWI. Kazi yake ni ya hila: inafanana na herufi mojawapo ya DNA, lakini ni herufi bandia. Kimeng'enya cha kirusi kikiichukua na kuiweka kwenye mstari, hakiwezi kuongeza herufi nyingine baada yake. Barua inakatika katikati.

Mbona basi AZT peke yake haikutosha? Kwa sababu kimeng'enya kile ni karani mzembe. Hunakili kwa haraka na hukosea mara kwa mara. Mwaka 1996 watafiti walikadiria kwamba katika mwili wa mgonjwa asiyetibiwa huzaliwa virusi bilioni kumi kwa siku. Katika makosa mengi kiasi hicho, moja litabadilisha umbo la kimeng'enya kidogo tu, kiasi cha kuikataa herufi bandia. Kirusi hicho kimoja kitaishi, kitazaa, na baada ya muda kitakuwa kimejaa mwili mzima. Hapo dawa imekuwa maji.

Ilibidi protini nyingine ya kirusi itafutwe. Na hapa, ndugu wasikilizaji, kitambaa cha Juliana kinarudi. Kirusi kinapoitumikisha seli kutengeneza protini zake, nyingi hazitoki moja moja. Hutoka zimeungana, kama jora la kitambaa lisilokatwa. Jora haliwezi kuvaliwa. Ni lazima awepo fundi mwenye mkasi. Mkasi wa kirusi ni kimeng'enya kiitwacho protisi, chenye vipande viwili vinavyofanana, kila kimoja kikiwa na asidi amino 99. Umbo lake lilichorwa kikamilifu mwaka 1989. Wanasayansi wakauangalia mdomo wa mkasi, wakatengeneza kitu cha kuukwama. Dawa ya kwanza ya aina hiyo iliidhinishwa Marekani mwezi Desemba 1995, na nyingine mbili mwezi Machi 1996. Mkasi ukikwama, virusi hutoka vikiwa majora tu, havina nguvu ya kumwambukiza mtu.

Mwezi Julai 1996, katika mkutano wa kimataifa mjini Vancouver, Kanada, ilielezwa kwamba dawa tatu kwa pamoja zinafanya kile ambacho moja haikuweza. Kirusi kinaweza kubahatisha kosa la kuikwepa dawa moja. Kuzikwepa tatu kwa mpigo ni jambo jingine. Wagonjwa waliokuwa wakisubiri kufa huko Ulaya na Marekani waliinuka vitandani na kurudi kazini.

Sisi wa Kagera tunaukumbuka mwaka 1996 kwa sababu nyingine. Tarehe 21 Mei mwaka huo meli ya MV Bukoba ilizama karibu na Mwanza, na hakuna ukoo kwetu ambao haukuguswa. Tulikuwa bado tuko matangani wakati habari za Vancouver zilipotangazwa. Hata tungezisikia zingetusaidia nini? Dawa zile ziligharimu zaidi ya dola 10,000 kwa mtu mmoja kwa mwaka. Mkulima wa kahawa wa Muleba angeuza shamba, nyumba na ukoo mzima asingefikisha.

Mwezi Februari 2001 kampuni ya Cipla ya India ilitangaza kuzitoa kwa dola 350 kwa mwaka kwa mashirika ya misaada. Mwaka 2002 ukaanzishwa Mfuko wa Dunia, na mwaka 2003 Marekani ikatangaza mpango wake wa PEPFAR. Serikali yetu ilikuwa imekwisha kuutangaza UKIMWI kuwa janga la taifa, Rais Mkapa alipohutubia taifa mwisho wa mwaka 1999. Mwaka 2004 ndipo dawa zilipoanza kutolewa bure katika hospitali zetu chini ya mpango wa taifa.

Kutoka 1996 hadi 2004 ni miaka minane. Katika miaka hiyo minane watu wetu hawakufa kwa sababu dunia haikujua. Dunia ilijua. Ilikuwa na michoro ya kufuli, ya ufunguo na ya mkasi. Walikufa kwa sababu ya bei. Naomba wale wanaopenda kusema kwamba Waafrika waliangamizwa na ujinga wao wenyewe waihesabu vizuri miaka hiyo minane.

Na tena ujinga upi? Mwaka 1987 watafiti wa Muhimbili, akiwemo Dakta Japhet Killewo, wakishirikiana na Chuo Kikuu cha Umeå cha Sweden, walipima damu za watu mkoani Kagera. Bukoba mjini, katika kila watu wazima 100, 24 walikuwa na kirusi. Muleba walikuwa 10 katika 100. Watafiti walirudi tena na tena. Mwaka 1996 Bukoba mjini ilikuwa imeshuka hadi asilimia 13.3. Muleba ilishuka hadi asilimia 6.8 mwaka huo, na 4.3 mwaka 1999. Angalieni tarehe. Hayo yote ni kabla ya dawa za bure. Wapo waliotoweka katika hesabu kwa sababu walifariki, hilo ni kweli na ni chungu. Lakini watafiti waliona pia kwamba maambukizi mapya yenyewe yalipungua. Watu wa Kagera waliuona moto ukiteketeza nyumba za jirani, wakabadili mwenendo. Waliacha baadhi ya mila, walianza kutumia kinga, walianza kuulizana maswali kabla ya ndoa. Hakuna aliyewafundisha protini. Walifunga mlango kwa mikono yao wenyewe, na sifa hiyo wasinyang'anywe.

Sasa nirudi kwa mpwa wangu na swali lake.

Nilimwambia hivi: "Baba, havionekani si sawa na havipo. Kirusi kikishaandika barua yake kwa DNA, kinacho kimeng'enya kingine cha kazi moja tu: kuichukua barua hiyo na kuipachika ndani ya urithi wa seli yako. Ni kama mtu aliyeingiza ukurasa wa uongo katika kitabu cha ukoo, kwa karatasi ile ile na wino ule ule. Baadhi ya seli hizo hulala usingizi kwa miaka. Zikiwa zimelala hazitoi kirusi hata kimoja. Kipimo cha damu hakizioni, na dawa haina cha kuzifanya, kwani dawa hukamata vimeng'enya vikiwa kazini. Siku seli mojawapo ikiamka, hutoa virusi. Ukiwa umemeza dawa, hivyo virusi vinakufa bila mtoto. Ukiwa hujameza, umeanza upya."

Jambo hili lilithibitishwa mwaka 1997 na makundi matatu ya watafiti wa Marekani, waliowapima wagonjwa waliokuwa wametumia dawa tatu kwa muda mrefu na damu zao zikiwa safi kwa vipimo. Kirusi kilikuwepo, kimelala. Kwa wagonjwa walio wengi wanaoacha dawa, huonekana tena katika damu baada ya wiki chache tu.

Mpwa wangu akauliza, "Kwa hiyo yule muuguzi alinidanganya?" Hapana, nikamwambia, alikuambia kweli tupu. Mtu anayemeza dawa zake na ambaye virusi vyake havionekani kwa kipimo hamwambukizi mwenzake kwa kujamiiana. Hilo limethibitishwa kwa utafiti wa maelfu ya wanandoa na wapenzi. Ni habari njema kupita kiasi: mtu anaweza kuoa, kuolewa, kuzaa mtoto salama na kuzeeka. Lakini ahadi hiyo imefungwa kwenye kidonge. Kidonge kile kimoja cha siku, kinachotolewa nchini tangu mwaka 2019, kina dawa tatu ndani yake. Mbili zinamzuia yule karani mzembe, na ya tatu, dolutegravir, inamzuia yule anayepachika ukurasa wa uongo. Ukiacha kukimeza umewaondoa walinzi wote watatu kwa pamoja. Na ukikimeza leo na kukiacha kesho, unampa karani mzembe nafasi ya kujifunza kumkwepa mlinzi mmoja mmoja.

Asubuhi yake tulipanda pikipiki hadi kliniki. Alipimwa. Majibu yalipotoka, virusi vilikuwa vimerudi. Hakukaripiwa. Alishauriwa, akarudishiwa dawa zake, na mpaka ninapozungumza nanyi anazimeza.

Ndugu wasikilizaji, historia hii haijaisha. Mwaka 2024 yalitangazwa matokeo ya utafiti uliofanyika Afrika Kusini na kwa jirani zetu Uganda, juu ya dawa ya sindano iitwayo lenacapavir, inayochomwa mara mbili tu kwa mwaka ili kuzuia maambukizi. Dawa hiyo hulenga protini nyingine kabisa, ile inayojenga kibuyu ambamo kirusi husafirishia urithi wake. Kati ya wasichana na wanawake vijana 2,134 waliopewa sindano hiyo, hakuna hata mmoja aliyeambukizwa. Hakuna hata mmoja. Mwezi Juni 2025 iliidhinishwa Marekani kwa kinga.

Lakini mwezi Januari mwaka huo huo wa 2025 Marekani ilikuwa imesimamisha ghafla misaada yake mingi ya nje, na kliniki nyingi za Afrika zilitikisika kwa hofu. Hapo ndipo ninapouona tena mwaka 1996. Elimu ipo, dawa ipo, na swali ni lile lile la nani atalipa. Taifa lililozika watu kwa miaka minane kwa sababu ya bei halipaswi kusubiri liambiwe mara ya pili kwamba afya ya wananchi wake haiwezi kutegemea mfuko wa mwingine daima.

Nimalizie kwa mkaza mjomba. Hakuwa mchawi. Kirusi hiki hakiingii kila mara kinapobisha, na ndoa ambazo mmoja ameambukizwa na mwingine hakuambukizwa zipo nyingi, hapa kwetu na duniani kote. Kufuli lake halikufunguliwa. Hiyo tu ndiyo ilikuwa hatia yake. Aliishi Biharamulo hadi mwaka 2011, akafariki akiwa mzee, na damu yake ilikuwa imepimwa na kuonekana safi. Watoto wake walikua bila yeye.

Siku ile ya 1986, tulipofika barabarani, aliutwaa mzigo wake kichwani mwangu na kuniambia, "Rudi nyumbani, mwanangu, usije ukachelewa." Sikumjibu neno. Nilimwogopa. Baadaye nilipokwisha kujua ukweli, nilikuwa na miaka mingi ya kwenda kumwomba radhi, na barabara ya kwenda Biharamulo haikuwa ndefu. Sikwenda.

Katika kila kijiji cha Kagera yupo mama kama huyo, na wengine bado wako hai. Kama unamfahamu mmoja, usisubiri matanga yake. Nenda.